Utepe wa Mkono wa Kulia

Mzee Koki alikuwa na uongo wa aina mbili: wa kutembeza mtaani na wa kula nyumbani. Ule wa mtaani ulikuwa mkubwa, una mbawa na mkia. Aliwahi kuziba bomba kuu la mji kwa kidole gumba, akisubiri spana iletwe, na nguvu ya maji ikamwinua akabaki anapepea hewani kama bendera. Aliwahi kumvuta kambare mzima kutoka kwenye koki ya bafuni, kisha akamrudisha kwa njia ileile kwa sababu mwenye nyumba alikuwa hali samaki. Watu walicheka, wakamwongezea chai, na hakuna aliyedhurika. Uongo wa nyumbani ulikuwa mdogo, mwembamba, hauna hata mkia. "Nimeshakula." "Siumwi." "Nilikuwa njiani nakuja." Huo mkewe, aliyekuwa fundi cherehani, aliutambua kwa harufu, kama mtu anavyotambua maziwa yaliyochacha kabla hajayatia mdomoni.

Mwaka aliowekewa mpira wa dawa mkononi aliutumia huo wa nyumbani mahali pasipofaa, na kidogo umtoe roho.

Habari ilianzia mguuni. Alikuwa amestaafu ufundi bomba, lakini kustaafu kwa fundi ni kwa mdomo tu. Alipanda kumfungia jirani tangi la maji, ngazi ikateleza, akateremka yeye na tangi kwa pamoja. Mfupa wa muundi ukavunjika, ukaungwa, halafu vijidudu vikaingia ndani ya mfupa wenyewe vikapiga kambi. Vidonge havikuvifikia huko. Ilitakiwa antibayotiki ya kupitia mshipani, kila siku, kwa wiki nyingi, na kwa hiyo akalazwa.

Kitanda alichopewa kilikuwa kando ya sinki, na koki ya sinki hilo ilikuwa ikidondoka. Tone. Kisha tone. Kisha, ukidhani limekoma, tone. Kwa wagonjwa wengine hiyo ilikuwa sauti ya maji. Kwake ilikuwa tusi. Aliijua koki ile inaumwa nini: washa yake imelika, kile kipande cha mpira kilicho ndani, kidogo kama kucha. Dakika tano, kazi imekwisha. Akaomba spana, akaambiwa apumzike. Akamwagiza mkewe, spana ikaja imeshonewa ndani ya mto, msimamizi wa wodi akaikamata kabla haijafika kitandani.

"Mzee, wewe hapa ni mgonjwa," msimamizi alimwambia.

"Na koki je? Kwani yenyewe mmeilaza hapa kwa ugonjwa gani?"

Spana ikarudi nyumbani. Mzee Koki akabaki analala na mto masikioni, anakonda, na siyo kwa sababu ya mguu.

Kwa hiyo siku daktari wa wodi alipomweleza kwamba dawa ileile anaweza kupewa nyumbani, alikubali kabla sentensi haijafika mwisho. Angewekewa mpira mwembamba kwenye mshipa wa juu ya kiwiko. Mpira huo ungepanda ndani ya mshipa, upite kwapani, ukate kona kifuani, ncha yake ikae karibu na moyo. Nje ingebaki sehemu fupi tu yenye kifuniko, na muuguzi angekuja kila siku kuichomekea dripu. Daktari aliipima mishipa ya mikono yote miwili kwa mashine, akauchagua wa kulia, kwa kuwa mshipa wake ulikuwa mpana zaidi.

"Huo ndio mkono wa spana," Mzee Koki alisema kwa fahari. "Umepanuka kwa kazi."

Alipoonyeshwa picha ya mpira ukiwa umeshakaa mahali pake, aliikagua muda mrefu, jicho moja kalifumba, kama mtu anayepokea nyumba mpya. "Kazi safi," akasema. "Umepita kona zote hizo bila kuungwa hata mara moja." Daktari akashukuru. Wakati wa kutoka, fundi aliisogelea ile koki ya sinki akaitazama usoni. Mimi na wewe, aliiambia moyoni, ndiyo kwaheri ya mwisho. Sirudi hapa, hata nije kuitwa na nani.

Na hapo ndipo shida yote ilipopandwa, katika kiapo hicho.

Muuguzi aliyepangiwa kumhudumia nyumbani aliitwa Sista na kila mtu, mkubwa kwa mdogo. Alikuwa mwanamke wa umri wa binti yake, mnene kidogo, mchangamfu, mwenye mikono isiyo na haraka. Hakuwa mtu wa kugomba. Alikuwa na namna ya kunyamaza akikutazama hadi ukajikuta unayasema mwenyewe. Siku ya kwanza alimwomba mke wa fundi utepe. Fundi cherehani akatoa kopo lake la bati, akachomoa utepe wa kijani. Sista akauzungusha juu ya kiwiko cha mgonjwa, juu kidogo ya pale mpira ulipoingilia, akaukata pale ncha mbili zilipokutana.

"Huu ndio unene wa mkono wako leo, mzee wangu," akasema. "Kila nikija tutauvalisha. Siku ncha zikikataa kukutana, maana yake mkono umevimba, na mimi nataka kujua siku hiyohiyo. Sawa?"

"Sawa, mwanangu."

"Plasta isilowe. Ukipata homa, au pakiwa pekundu, pakitoa usaha, nipigie simu. Kifua kikibana au pumzi ikikata, usinisubiri hata mimi, nenda hospitali. Na mkono huu uutumie. Usibebe mzigo, lakini fumba ngumi, fumbua, shika kikombe, chana nywele. Na unywe maji ya kutosha."

"Sawa, mwanangu."

Mkewe, aliyekuwa akizichoma ncha za utepe kwa njiti ya kiberiti zisije zikafumuka, aliinua macho. Ile "sawa" ya pili ilikuwa imechacha. Lakini Sista alikuwa keshaanza kufunga sanduku lake, na mgeni hachongewi mwenye nyumba mbele yake, basi akanyamaza.

Maana Mzee Koki alikuwa na elimu yake. Miaka yote ya kazi alikuwa amewafokea vibarua kwa jambo moja: bomba likishaungwa, usiliguse. Gundi inakamata. Usilitikise, usilipinde, na zaidi ya yote usilifungulie maji, maana maji yakija kwa nguvu kiungo kinaachia, na kazi yote ni bure. Sasa mtu ametiwa bomba mwilini, jipya kabisa, limechomekwa jana, halafu anaambiwa achane nywele na anywe maji? Alimpenda Sista, lakini aliona wazi kwamba binti huyu hajawahi kufunga bomba.

Kwa hiyo kila Sista alipoondoka, yeye alichukua kitambaa kikubwa, akakifunga shingoni, akaulaza mkono wa kulia ndani yake kama mtoto mchanga, akaufunga na mkanda wa suruali usicheze. Alikula kwa kushoto. Alinyoa kwa kushoto, na kidevu chake kikawa kama shamba lililolimwa na mlevi. Maji aliyapunguza hadi kikombe kimoja asubuhi, na hicho nacho alikinywa kwa kuonjaonja, asije akaongeza presha kwenye mtambo. Mkewe alipouliza kwa nini kafungwa kama mwizi, alijibu, "Sista kasema niupumzishe." Pikipiki ya Sista iliposikika kwenye kona, kitambaa kiliingia chini ya mto wa kiti, mkono ukatoka nje ukionekana wenye shughuli.

Siku za mwanzo mambo yakaenda. Mguu ulianza kupoa, utepe ulikutana vizuri, dripu iliingia. Akamsimulia rafiki yake, Refa, kwamba dawa ikifika moyoni anaisikia ikibisha hodi.

Refa alikuwa jirani wa ukuta kwa ukuta, mwamuzi mstaafu wa mpira wa miguu, na tangu astaafu hakuwahi kuivua filimbi shingoni. Alikuja kila alasiri kunywa chai na kubishana. Mtu akiongea upuuzi alimtolea kadi ya njano, na kadi yenyewe ilikuwa kipande cha boksi la dawa ya mbu.

Halafu mkono ukaanza kuwa mzito.

Kwanza alihisi kama amebeba ndoo. Kisha yakaja maumivu ya chinichini kwapani, yanapanda hadi shingoni, siyo makali, bali ya kung'ang'ania. Vidole vikanenepa vikang'aa kama vya mtoto aliyeshiba. Asubuhi moja mkono wa shati ukagoma kupita. Akautazama mkono ule ukutani kwenye kioo: ulikuwa na rangi ya wino uliomwagiwa maji, na karibu na bega mishipa ilikuwa imechomoza, ya kijanikijani, inatafuta njia zake.

Alielewa kwamba kuna kitu kimeharibika. Hakuwa mjinga. Na hapohapo akaona yatakayofuata, moja baada ya jingine, kama maji yanavyofuata mteremko: Sista atajua, Sista atawaambia madaktari, madaktari wataung'oa mpira, na mtu asiye na mpira hutibiwa wapi? Wodini. Kitanda kilekile. Tone.

Akatafuta kopo la mkewe. Utepe wa kijani ulikuwa bado mwingi. Akauzungusha kwenye mkono ulivyo sasa, kwa wororo maana paliuma, akakata mpya, akauweka mezani mahali pa ule wa zamani. Ule wa Sista akausukumia chini ya mto wa kiti, pamoja na kitambaa. Akakaa juu yake. Alijisikia fundi kabisa.

Sista alikuja alasiri, akamkuta Refa na chai yake, na mke wa fundi kwenye cherehani karibu na dirisha, anashona sare. Aliosha mikono. Akauliza habari za usiku, akaambiwa ni njema. Akazungusha utepe. Ncha zikakutana, zikabusiana kama ndugu. Akasukuma maji ya chumvi kwenye mpira, yakaenda bila kukwama. Akavuta kidogo, damu ikaja ilivyotakiwa.

"Unaona?" Mzee Koki akasema. "Mtambo unafanya kazi."

Sista alikuwa ameshika vidole vya mgonjwa, anavibonyeza kimoja kimoja, akiangalia shimo linavyochelewa kujaa.

"Mzee wangu, mkono huu una nini?"

"Si utepe umekubali?"

"Utepe umekubali. Macho yangu ndiyo yamekataa." Akamfungua vifungo vya shati, akalishusha begani. "Na hii mishipa? Haikuwepo."

Mzee Koki alihitaji uongo kwa haraka. Wa nyumbani haukutosha, mkewe alikuwa palepale. Akafungua stoo ya ule mkubwa.

"Kosa langu, mwanangu. Nilikunjana mikono na Refa. Pale mezani. Si unajua wanaume tukikaa. Misuli imevimba, itashuka."

Sista akamgeukia Refa. "Kweli, baba?"

Refa ndiyo kwanza alikuwa anaisikia habari hiyo. Chai ilikuwa mdomoni. Lakini alikuwa rafiki wa miaka, na rafiki haachwi peke yake uwanjani. Akameza.

"Kweli, Sista. Jana. Mieleka ya mkono."

Kama angeishia hapo, pengine Mzee Koki angepita. Ila mwamuzi ni mwamuzi.

"Nikamlaza," Refa akaongeza.

Mzee Koki akamtazama. "Ukamlaza nani?"

"Wewe. Mara mbili."

"Sista anauliza habari za mkono, Refa. Hajauliza matokeo."

"Mechi haina matokeo? Hayo basi yatakuwa mazoezi."

Cherehani ikapunguza mwendo. "Baba watoto kalazwa na Refa?" mkewe akauliza, sauti imejaa asali. "Na hukunisimulia? Leo nitashona kwa raha."

"Shemeji, hata hakuchukua muda," Refa alisema, sasa keshapamba moto. "Nilikuwa nimeshika kikombe kwa mkono wa pili. Wala chai haikumwagika. Halafu, sitaki kumwaibisha mbele ya Sista, lakini alitoa chozi."

Mzee Koki alivumilia. Alijua kwamba anatakiwa kuvumilia; alijua kila neno la Refa linamwokoa. Aliuma mdomo, akahesabu maua ya pazia. Lakini kuna mizigo ambayo mwanaume aliyewahi kuzuia bomba kuu la mji kwa kidole gumba hawezi kuibeba.

"Kukulaza wewe kwa mkono upi?" akafoka. "Mkono huu tangu utiwe mpira haujanyanyua hata kijiko. Naufunga na kitambaa kutwa nzima, na mkanda juu. Nimelaza mkono mwenyewe, siyo wewe."

Cherehani ikasimama.

Refa akaitazama chai yake. Taratibu akaingiza mkono mfukoni, akatoa kadi ya njano, akaiweka mezani mbele ya rafiki yake.

"Kutwa nzima," Sista akarudia. Hakupandisha sauti. Akavuta kiti akakaa, akamtazama kwa namna yake.

Ikabidi aseme. Akaeleza habari za gundi, kiungo kipya na vibarua wasiosikia. Akaeleza habari ya maji, kikombe kimoja asubuhi. Maneno yale yaliyokuwa yamesimama imara kichwani mwake, sasa yakisemwa sebuleni mbele ya watu watatu yakawa yanapepesuka.

Mkewe alikuwa ameshauchukua utepe mezani. Akaupitisha kwenye vidole, mara moja tu.

"Na huu siyo wa Sista," akasema. "Wa Sista niliuchoma ncha. Huu unafumuka."

Kwa kweli nyuzi zilikuwa zikining'inia pale ncha zilipokatwa. Siku zote za ndoa yao Mzee Koki alikuwa akiishi na fundi cherehani, na hakuwahi kujiuliza kwa nini anachoma ncha za utepe. Akajinyanyua, akapenyeza mkono wa kushoto chini ya mto wa kiti, akautoa ule wa kweli, akampa Sista mwenyewe.

Sista akauzungusha. Ncha zikasimama mbali, zinatazamana. Akaweka vidole vyake viwili katikati, cha shahada na cha kati, na vyote vikaenea.

Hakuna aliyefanya mzaha hapo, hata Refa.

"Mzee wangu," Sista akasema, "nadhani damu imeganda kwenye mshipa, pembeni ya mpira. Mpira wowote ukikaa ndani ya mshipa unaweza kuleta hilo, hata kwa mtu anayefuata kila kitu. Ukiulaza mkono na ukajinyima maji, unaliita donge kwa jina lake. Sasa niambie, na unijibu vizuri. Kifua kinabana? Ukihema panachoma?"

"Hapana."

Sista akamgeukia mke.

"Hiyo ni kweli," mkewe akasema. "Akidanganya macho huenda darini, na leo hayajaenda."

"Vizuri. Maana hilo ndilo ninaloliogopa. Kipande kikikatika kikasafiri hadi kwenye mapafu, hapo hatutakuwa tunaongea hivi. Twende hospitali sasa hivi. Mpira hatuugusi, mkono hatuukandi."

"Wataung'oa," Mzee Koki akasema. Ilikuwa sauti ambayo Refa hakuwahi kuisikia kwake. "Wataung'oa, na mimi nitarudi pale kwenye koki."

Mkewe akamletea shati pana. Alimvalisha kuanzia mkono mbovu, polepole, kama anayevalisha nguo isiyokwisha kushonwa. "Heri ulie wodini kwa ajili ya koki," akamwambia karibu na sikio, "kuliko mimi nilie hapa kwa ajili yako."

Wakaenda kwa teksi, Sista mbele kwa pikipiki. Chumba cha ultrasaundi kilikuwa mwisho wa korido ndefu, na korido ilipita mbele ya wodi ile. Mlango ulikuwa wazi. Mzee Koki hakutaka kusikiliza, lakini masikio ya fundi hayafungwi. Tone. Bado ilikuwa ikimngojea.

Daktari wa picha alipaka mafuta baridi, akapitisha kifaa kwapani na chini ya shingo. Kwenye skrini, pale mshipa ulipopita kwapani, kulikuwa na kivuli kizito kimeukumbatia mpira, na pembeni yake damu ikipita kwa kubana, kama maji katika bomba lililojaa kutu. Mzee Koki hakuhitaji kufafanuliwa. Ile ilikuwa picha ya kazi yake. Mara ngapi alikuwa ameingia kwenye nyumba iliyofungwa muda mrefu, akafungua bomba ambalo maji yalisimama, likakohoa tope? Alikuwa anaijua habari yote ya kiungo kipya, akasahau ya bomba lisilotumika. Na damu, akafikiri, siyo gundi, bali ndiyo hayo maji.

Wakampeleka kwa daktari aliyemwekea mpira. Huyu alisoma majibu, akampima mapigo na pumzi, akaongea na Sista kwa muda. Mzee Koki alikaa wima, mkewe upande mmoja, Refa mwingine. Alikuwa ameshaamua: atauomba ule mto wenye spana.

"Donge lipo," daktari akasema, "na ni refu kuliko ambavyo lingekuwa ungesema mapema. Siku ulizoficha zimelinenepesha, na kila siku moja lingeweza kukatika. Hilo ulijue." "Tutakuanzishia dawa ya kuzuia damu kuganda. Kwanza sindano ya tumboni, baadaye vidonge, miezi kadhaa, hata baada ya tiba ya mguu kwisha. Dawa haililipui donge. Inalizuia lisikue, na mwili wenyewe unalimeng'enya taratibu. Ukiona fizi zinatoka damu, au choo cheusi, unarudi."

"Na mpira?" Mzee Koki akauliza. "Mnautoa saa ngapi?"

"Kwa nini tuutoe?"

Mzee Koki akashusha macho kwenye mkono wake.

"Mpira unapitisha dawa vizuri, ncha iko mahali pake, hakuna maambukizi, na mguu bado unaihitaji dawa," daktari alisema. "Katika hali kama hiyo tunauacha na kutibu donge. Ungeleta utata, tungeutoa. Leo unachomwa sindano, unarudi nyumbani. Sista ataendelea."

Mzee Koki aligeuza kichwa akamtazama mkewe, kisha Refa, kisha ukuta. Siku zote zile alikuwa amejificha kutokana na kitu ambacho hakikuwepo. Aliufunga mkono ili asiupoteze mpira, na aliuficha uvimbe ili asiipoteze nyumba. Na lau angefungua mdomo siku ya kwanza angekuwa nyumbani vilevile, akiwa na donge dogo na rafiki asiyejisifu kwamba alimlaza. Hata uongo wake mkubwa kuliko wote haukuwahi kumdanganya mtu kiasi hiki.

"Na wewe hukuuliza," mkewe akasema, kana kwamba amesikia yote.

"Kuanzia leo," daktari akamalizia, "mkono unatembea. Kazi nyepesi, vidole vichezeshwe. Na maji, unywe."

"Kazi nyepesi kama ipi?" Mzee Koki akauliza, na macho yake yakapata uhai. "Kwa mfano kubadilisha washa?"

Ilibidi msimamizi wa wodi aulizwe, na msimamizi alipomwona alikunja uso. Lakini Sista alimwelezea kwa utaratibu kwamba mgonjwa ameagizwa mazoezi ya vidole, na Refa akasema yeye atakuwa mkono wa nguvu, fundi awe mkono wa akili, na wagonjwa wa vitanda vya karibu wakasema kama kuna mtu anaweza kukinyamazisha kitu hicho wao watampigia makofi. Msimamizi akaleta spana kutoka stoo ya ukarabati. Washa Mzee Koki hakuhitaji kuomba. Tangu ujana hakuwahi kutoka nyumbani bila washa mfukoni.

Maji yakafungwa chini ya sinki. Refa akakaza meno akaizungusha spana, kwanza upande usio sahihi.

"Unaikaza, mwamuzi wangu. Kushoto."

"Kushoto kwangu au kwako?"

"Sisi sote tunatazama koki moja, Refa."

Ikaachia. Mzee Koki akaingiza vidole vyake vilivyonenepa, akaitoa washa ya zamani, imelika upande mmoja, akaibandika mpya. Kazi aliyokuwa akiifanya huku anapiga mluzi, sasa ilimtoa jasho. Vidole viliitika kwa kuchelewa, kama watu walioamshwa. Lakini viliitika. Refa akafunga, maji yakafunguliwa, na wodi nzima ikaisikiliza koki.

Haikusema kitu.

Kule mtaani habari ilikua, kama ilivyotarajiwa. Kabla mpira haujatolewa mkononi, donge lilikuwa limefikia urefu wa mkanda wa suruali, madaktari walikuja kulitazama kwa zamu wakiwa wamevua viatu, na mmoja aliomba kupiga nalo picha. Refa kwa upande wake alikuwa ameitengeneza koki ya hospitali peke yake, Mzee Koki akimshikia taa. Walibishana hilo kila alasiri, mkono wa kulia ukifumba na kufumbua juu ya meza, kikombe cha maji kando, na kadi ya njano ikienda huku na huku.

Sista bado alikuja, na kila alipokuja utepe wenye ncha zilizochomwa ulitoka kwenye kopo. Ncha zilisogeleana polepole, bila haraka yoyote. Ule mwingine, unaofumuka, mkewe aliufunga kwenye mguu wa cherehani, mahali ambapo mtu aliyekaa kwenye kiti cha mgonjwa hawezi kukwepa kuuona.

Na mtu akimuuliza Mzee Koki mkono ulikuwa umevimba kiasi gani, wasikilizaji walijiandaa kucheka, maana walijua sasa unakuja uongo wa ukubwa wa tembo. Yeye alitua kikombe. Akainua vidole viwili, cha shahada na cha kati, akavibana pamoja.

"Hivi," alisema. "Hivi tu." Na hapo hakuongeza.